Wasomaji Wauliza: Njia Ipite kwa Nani?

Katika toleo lililopita tuligusia namna miji ya Bara Hindi, yaani India, Pakistan na Bangladesh pamoja na jirani zao, ilivyopangwa, na mahali ambapo mipango yenyewe ilikwama. Barua zilizorudi nyingi zimetoka Tanga, na karibu zote zinauliza jambo moja kwa maneno tofauti: nyumba zimeshasimama, njia hakuna, sasa nani akatwe? Wataalamu wetu wa mipangomiji wanajibu.

*Assalaam aleikum. Sisi wa Ngamiani barabara zetu zimenyooka na zina namba, ya nane, ya tisa, ya kumi, mgeni akijua kuhesabu hapotei. Mmeandika kwamba watu wa Bara Hindi walipanga miji iliyonyooka zamani sana. Zamani kiasi gani? Na mbona picha tunazoziona za miji yao ni msongamano mtupu?*
Msomaji, Ngamiani

Wa aleikum salaam. Ni zamani ya miaka 4,500 hivi. Mohenjo-daro, mji uliokuwa bonde la mto Indus katika Pakistan ya leo, ulikuwa na barabara kuu zinazokatana kama mraba, na matofali ya kuchoma ya kipimo kimoja: urefu mara mbili ya upana, upana mara mbili ya kimo. Lakini sisi tungependa uutazame zaidi mtaro kuliko barabara. Ulipita kando ya mtaa, umejengwa kwa tofali na kufunikwa kwa tofali au bamba la jiwe linaloweza kuinuliwa, na hapa na pale ukawekewa kishimo cha kunasa tope na uchafu mzito kabla haujaziba njia. Aliyeujenga alijua kuna siku utafunguliwa usafishwe. Mitaro mingi tunayojenga leo ama ina mifuniko ya zege ambayo watu wanne hawaiinui, ama haina mfuniko kabisa na imejaa chupa za plastiki. Kosa hilo lilikwisha kuepukwa kabla ya chuma kujulikana.

Mfano wa pili ni Jaipur. Mtawala wake, Sawai Jai Singh wa Pili, aliuanzisha mwaka 1727 na mpango wake ukaongozwa na Vidyadhar Bhattacharya. Mji uligawanywa miraba mikubwa tisa, ikatenganishwa na barabara pana zenye maduka yaliyopangwa mstari mmoja. Ndani ya kila mraba, ukoo na mafundi walijigawia vichochoro vyao. Serikali ilishika barabara kubwa na kuilinda isivamiwe, mambo ya ndani ikawaachia wakaazi. Mgawanyo huo wa kazi utauona tena chini katika jibu la majitaka.

Msongamano unaouona kwenye picha una sababu zake. Waingereza walijenga kambi za jeshi na mitaa ya maofisa nje ya miji ya wenyeji, wakapeleka huko bustani, maji na barabara pana. Mji wa zamani ukaachwa ujazane. Fedha za kuushughulikia zilikuwa za kubahatisha, na kwa Kolkata hilo ni kweli kabisa: mwaka 1817 iliundwa Kamati ya Bahati Nasibu, na barabara na mabwawa ya maji ya mji yakajengwa kwa faida ya tiketi. Kisha ikaja tauni. Iliingia Bombay, ambayo leo ni Mumbai, mwaka 1896, na mwaka 1898 serikali ikaunda shirika la kuuboresha mji. Dawa yake ilikuwa kuvunja: mitaa iliyosongamana iliangushwa, zikapasuliwa barabara pana ili upepo wa baharini upenye. Waliovunjiwa hawakuwa na pa kwenda. Walihamia vyumba vya mtaa wa pili, na msongamano uliokusudiwa kupunguzwa ukahama pamoja nao.

Mtu aliyelipinga hilo waziwazi ni Patrick Geddes, Mskoti aliyefika India mwaka 1914 na kuandika ripoti za miji mingi, ikiwemo Dhaka na Indore. Yeye alitembea mtaa mzima kwa miguu, akachora kila nyumba, kisima na mti, halafu akapendekeza kuondoa nyumba chache tu mbovu mahali njia ilipobanwa, na penye nafasi kidogo kufanywa uwanja wenye kivuli. Njia ikipinda kukwepa nyumba nzima, haidhuru. Ukiona mpimaji wako anachora mstari ulionyooka juu ya nyumba ishirini za watu, mkumbushe kwamba mstari unaweza kupinda.

*Mhariri, sisi huku Mikanjuni gari la zimamoto haliwezi kuingia, na hata jeneza tunalipitisha kwa kuinamisha. Mwenyekiti wa mtaa ametuita, anasema kila mmoja atoe kipande cha ardhi njia ipite. Wengine wanataka walipwe, wengine wanasema itapita kwa fulani tu. Kule India walifanyaje?*
Mama wa watoto wanne, Mikanjuni

Dada, swali lako ndilo kiini cha barua zote, kwa hiyo tutalijibu kwa urefu.

Jimbo la Gujarat, hasa mji wa Ahmedabad, lina njia iliyoanzia kwenye sheria ya Bombay ya mwaka 1915 na leo inaendeshwa chini ya sheria ya mwaka 1976. Msingi wake ni huu: badala ya serikali kununua ardhi ya wale wachache walioangukiwa na barabara, wenye ardhi wote wa eneo huchangia sehemu ya viwanja vyao, ardhi yote huchorwa upya, kisha kila mmoja hurudishiwa kiwanja kidogo zaidi kuliko cha awali lakini chenye njia. Sheria ile inataja mgawanyo wa kuongoza: asilimia 15 ya eneo kwa barabara, 5 kwa viwanja vya michezo na mapumziko, 5 kwa shule, zahanati na huduma nyingine, na 15 ya kuuzwa na mamlaka ili kulipia ujenzi. Juu ya hapo inaruhusu hadi asilimia 10 kwa nyumba za watu wa kipato cha chini. Kwa njia hiyo Ahmedabad ilipata sehemu kubwa ya ardhi ya barabara yake ya mzunguko, kilomita 76, mwanzoni mwa miaka ya 2000. Mji wa Bhuj, ulioangushwa na tetemeko la tarehe 26 Januari 2001, ulipangwa upya hivyo hivyo, na pale walifanya jambo la haki: kiwanja kidogo kilikatwa kidogo, kikubwa kikakatwa zaidi.

Hesabu yake kwa mtaa wa kwetu iwe hivi. Tuseme eneo lenu lina mita za mraba 20,000, karibu ekari tano. Mnataka njia za ndani za upana wa mita 6, jumla ya urefu mita 400: hizo ni mita za mraba 2,400. Mnataka na njia moja kubwa ya upana wa mita 10, urefu mita 150: mita za mraba 1,500. Jumla 3,900, sawa na asilimia 19.5 ya eneo. Mwenye kiwanja cha mita za mraba 400 atatoa 78 na kubaki na 322. Ikiwa mita moja ya mraba leo ni shilingi 20,000, kiwanja chake kina thamani ya milioni 8. Ili asipate hasara, mita moja ya kiwanja kilichobaki lazima ifike shilingi 24,850 hivi, yaani bei ipande kama robo. Kiwanja kinachofikiwa na gari la mchanga, la wagonjwa na la kunyonya choo kwa kawaida hupanda zaidi ya hapo. Waonyesheni watu hesabu hii ubaoni kabla ya kuwaomba sahihi. Wengi hukataa kwa sababu wanaona kinachotoka tu.

Kazi yenyewe ina mpangilio wake, na ukiuvuruga inakwama. Kwanza ni orodha ya nani anamiliki nini, na hapa ndipo penye mtego mkubwa. Ahmedabad yenyewe iliteseka: kumbukumbu za ardhi zilionyesha mipaka isiyolingana na iliyopo uwanjani, na miradi mingi ilichukua zaidi ya miaka kumi kukamilika. Kwetu tatizo huwa ni mirathi. Kiwanja kina jina la marehemu, warithi saba, wawili wako Dar es Salaam, mmoja hajulikani alipo. Familia ikae, iteue msimamizi wa mirathi mahakamani mapema, maana sahihi ya kaka mkubwa peke yake itapingwa baadaye na mradi mzima utasimama kwa ajili ya kiwanja kimoja.

Pili, mpimaji apime hali iliyopo pamoja na nyumba, vyoo, makaburi, visima na miti, siyo mipaka peke yake. Nakala kubwa ya ramani ibandikwe ofisi ya serikali ya mtaa, si chini ya wiki mbili, kila mtu atafute jina lake na kipimo chake. Makosa yatakayoonekana hapo yanasahihishwa kwa kalamu. Yakionekana baada ya mawe ya mpaka kuchimbiwa, yanasahihishwa mahakamani.

Tatu ndiyo kuchora njia, kwa kufuata kwanza vichochoro ambavyo watu tayari wanavipita. Nyumba ikiangukiwa yote, mwenye nyumba huyo hawezi kuhesabiwa sawa na aliyetoa ukingo wa ua. Apewe kiwanja kingine ndani ya eneo lile lile, na gharama ya jengo lake wachange wote. Hapa ndipo minong'ono ya "itapita kwa fulani tu" inapoanzia, na ni minong'ono yenye haki. Kanuni ya kukata iandikwe kwenye muhtasari wa mkutano kabla mchoro haujatoka, ili asiwepo wa kusema kanuni ilitungwa kumlinda mtu.

Nne, njia zikishachorwa na mchoro kuidhinishwa na halmashauri, zifunguliwe mara moja. Gujarat walijifunza hili kwa uchungu. Zamani barabara ilisubiri hatua zote tatu za mpango zikamilike pamoja na mahesabu ya fidia, na wakati wakisubiri watu walijenga juu yake. Marekebisho ya mwaka 1999 yaliruhusu mamlaka kuchukua ardhi ya barabara mara rasimu inapoidhinishwa, huku mahesabu yakiendelea. Kwa hiyo chimbieni mawe, sogezeni nyua, piteni na greda hata kama hatimiliki bado. Njia iliyoachwa kwenye karatasi mwaka mmoja utakuta ina kibanda cha chipsi.

Kuhusu kulipwa: mwenye kutoa sehemu ndogo inayolingana na wenzake analipwa na thamani inayobaki. Mwenye kutoa zaidi ya wenzake ana haki ya kufidiwa kile cha ziada. Mkiyachanganya mambo hayo mawili, mkutano utavunjika.

*Shikamooni. Maji ya kuogea na ya vyoo huku kwetu Makorora yanatiririka uchochoroni, watoto wanaharisha. Nimesikia kuna mji Pakistan wananchi walijilazia mabomba wenyewe. Inawezekana, au ni maneno ya magazeti?*
Bibi wa Makorora

Marahaba, bibi, ingawa sisi ndio tungepaswa kukuamkia. Ni kweli tupu. Mahali penyewe ni Orangi, Karachi, na kazi ilianza mwaka 1980 ikiongozwa na Akhtar Hameed Khan. Zaidi ya nyumba 90,000 ziliunganishwa na mabomba yaliyolipiwa na wakaazi wenyewe.

Siri yake ilikuwa kugawa kazi. Choo cha ndani, bomba la uchochoro na bomba dogo la kukusanya vichochoro ni jukumu la wananchi. Bomba kuu na usafishaji wa majitaka ni jukumu la serikali. Na kipimo cha chama hakikuwa mtaa, kilikuwa uchochoro mmoja wa nyumba 20 hadi 40, ambamo watu wanajuana na hakuna anayeweza kukwepa mchango bila kuonekana. Uchochoro huo ulimchagua msimamizi wao, akakusanya fedha, akanunua vifaa. Shirika la Khan lilileta ramani, vipimo, vifaa vya kuazima na ushauri wa fundi, lakini halikushika fedha za mtu.

Tuseme uchochoro wenu una urefu wa mita 45. Kabla ya kununua hata kiungo kimoja, nendeni mamlaka ya maji mkaulize: bomba kuu la majitaka liko wapi na kina chake ni kipi? Jibu hilo ndilo linaloamua kila kitu. Kama hakuna bomba kuu la kuingilia, msilaze bomba la uchochoro, maana mtakuwa mmekusanya uchafu wa nyumba thelathini na kuumwaga mlangoni kwa jirani wa chini. Afadhali makaro ya pamoja yanayofikiwa na gari la kunyonya.

Kama bomba kuu lipo, kwa bomba la inchi 6 mteremko wa kawaida ni sentimita 1 kwa kila mita 1. Kwa mita 45 bomba lishuke sentimita 45. Likianza na kina cha sentimita 50 kule juu, litaishia na sentimita 95 kule chini, na lazima chemba ya bomba kuu iwe chini zaidi ya hapo. Bomba la inchi 4 kutoka nyumbani lipewe mteremko mkali zaidi, kama sentimita 2 hadi 2.5 kwa mita. Usawa upimwe kwa mpira mwembamba wa maji unaoonyesha ndani, pande zote mbili za uchochoro, na kila mita 5 upigwe mti wenye alama. Pimamaji fupi ya fundi haitoshi, kosa lake dogo likirudiwa mara arobaini linakuwa sentimita nyingi.

Kila nyumba iwe na chemba ndogo kabla ya kuungana na bomba la uchochoro. Orangi waliita haudi. Maji yanaingia, kinyesi kizito na taka vinatua chini, yanatoka maji yaliyopungua uzito. Ndiyo iliyowawezesha kutumia mabomba membamba. Lakini haudi isiyozolewa inajaa na kuziba, kwa hiyo mfuniko uwe wa kuinuliwa na mtu mmoja. Chemba za uchochoroni ziwekwe kila pembe na kila makutano, na hata penye mstari mnyoofu msizidishe mita 20 au 30, ili mti wa kuzibulia ufike.

Makosa yanayoharibu kazi ni yale yale kila mahali. La kwanza ni zege isiyomwagiliwa: mfuniko ukimwagwa asubuhi na kuachwa juani, unapasuka kwa gari la kwanza. Uchanganye sehemu 1 ya saruji, 2 za mchanga na 4 za kokoto, maji yasizidi, na uufunike kwa magunia mabichi siku saba. Mchanga usiwe wa pwani, chumvi yake itakula nondo. La pili ni bomba kulazwa juu ya kifusi kilichochimbwa upya. Kikitulia, bomba linabonyea katikati na maji yanasimama. Chini yake pashindiliwe na kuwekwa mchanga laini. La tatu ni mtu kuingiza maji ya paa kwenye bomba la majitaka. Mvua moja ya masika inalijaza, na kinyesi kinarudi bafuni kwa aliye chini kabisa. Na msipitishe bomba karibu na kisima cha maji ya kunywa. Ardhi yetu ya pwani yenye tumbawe hupitisha maji haraka.

Orangi nayo ilibaki na deni. Mabomba ya vichochoro yalitoa maji kwenye mikondo ya asili, na upande wa serikali ulichelewa sana, kwa hiyo kwa miaka mingi uchafu ulitoka milangoni kwa watu ukaenda baharini bila kusafishwa. Ndiyo maana tunasisitiza muanze na swali la bomba kuu.

*Kaka zangu, nasoma chuo na naishi Chumbageni. Naona mnatibu majeraha tu. Kwa nini tusipange mji mpya kabla watu hawajafika, kama Chandigarh?*
Mwanafunzi, Chumbageni

Kupanga kabla watu hawajafika ni jambo jema, na Tanga bado ina nafasi hiyo upande wa Pongwe na Kange. Ila tazama kwa makini kilichotokea Chandigarh, mji wa kaskazini mwa India. Mwaka 1947, India ilipogawanywa, Lahore ilibaki Pakistan na Punjab ya India ikakosa makao makuu. Albert Mayer na Matthew Nowicki walianza mpango, Nowicki akafariki katika ajali ya ndege mwaka 1950, na mwaka 1951 kazi ikashikwa na msanifu majengo Le Corbusier. Mji uligawanywa sekta za mita 800 kwa 1,200, kila moja na soko, shule na bustani yake, na barabara za ngazi saba ili gari la safari ndefu lisipite mlangoni kwa mtu. Hayo yanafanya kazi mpaka leo. Lakini ulipangiwa watu 500,000, na sensa ya mwaka 2011 ilikuta zaidi ya 1,000,000. Zaidi ya hapo, wale waliobeba karai za zege kuujenga hawakuwekewa mahali pa kulala panapolingana na kipato chao, wakajenga vibanda vyao pembeni. Islamabad, iliyochorwa na Constantinos Doxiadis mwaka 1960, nayo ina makazi ya namna hiyo katikati ya sekta zake nzuri.

Delhi inafundisha kwa ukali zaidi. Mamlaka yake ya uendelezaji iliundwa mwaka 1957, na mpango kabambe wa mwaka 1962 ukaipa kazi ya kutwaa ardhi ya pembezoni yote, kuipima na kuigawa. Ilitwaa haraka, ikagawa polepole. Mwenye haja ya kiwanja mwaka huu hangoji miaka kumi, akanunua kwa mkulima bila kibali. Mwaka 2019 serikali ilipoamua kuwapa watu hao haki za umiliki, mitaa ya namna hiyo ilihesabiwa 1,731. Marekebisho ya katiba ya mwaka 1992 yalikusudia kuzipa halmashauri za miji kazi ya kupanga, lakini Delhi mamlaka ile imebaki chini ya serikali kuu, na diwani anayelaumiwa na wapiga kura wake hana sauti juu ya ramani.

Kwa hiyo wepesi wa kutoa viwanja una uzito sawa na uzuri wa mchoro, na vivyo hivyo udogo wa viwanja. Huko Aranya, mjini Indore, msanifu majengo Balkrishna Doshi alipanga viwanja kama 6,500, vidogo kabisa vikiwa na mita za mraba 35, vikiwa na msingi, choo na maji tu, mwenye nyumba akaongeza vyumba kadiri alivyopata. Hyderabad ya Pakistan, katikati ya miaka ya 1980, walikwenda mbali zaidi: familia ilipewa kiwanja ikishafika na vyombo vyake na kuanza kuishi pale, hata kwenye kibanda cha matete, na ikiondoka kiwanja kinarudi. Mlanguzi hawezi kulala kibandani, kwa hiyo walanguzi walipungua. Kanuni hiyo ya mwisho tungeipenda sana iangaliwe hapa kwetu, maana tunavyo viwanja vilivyopimwa ambavyo ni vichaka kwa sababu wenyewe wanangoja bei.

*Huku Sahare watu wanajaza kifusi madimbwi na kukata mikoko wajenge. Je, miji ya Bara Hindi imepata hasara gani kwa hilo?*
Mvuvi, Sahare

Mumbai, tarehe 26 Julai 2005, ilinyesha milimita 944 kwa saa 24. Mto Mithi ulikuwa umebanwa na njia ya kurukia ndege, vifusi na nyumba, mikoko ya mdomoni mwake imejazwa. Na mvua ile iliangukia wakati bahari imejaa, kwa hiyo mitaro iliyofika pwani haikuweza kutoa maji. Yalirudi mjini.

Wewe mvuvi unalijua bamvua kuliko mhandisi yeyote. Tumia ujuzi huo: siku ya bamvua kubwa, bahari ikijaa kabisa, piga alama ya rangi kwenye jiwe karibu na mdomo wa mtaro. Kama mdomo wa mtaro uko chini ya alama, mtaro huo hautoi maji saa kadhaa kila siku hizo, na dimbwi la nyuma yake ndilo linalohifadhi maji mpaka bahari ipwe. Wakilijaza, maji yatahifadhiwa sebuleni. Mdomo uwekewe mlango wa chuma wenye bawaba unaofunguka kuelekea baharini tu, na usafishwe, maana gogo moja likikwama unabaki wazi.

Kolkata waliacha madimbwi yao, na yanawalipa. Mashariki ya mji kuna eneo la hekta kama 12,500 ambako majitaka huingizwa kidogo kidogo kwenye mabwawa ya kina kifupi. Jua na mimea midogo ya majini huyasafisha, na samaki hula mimea hiyo. Mji unapata samaki na usafishaji kwa pamoja. Tangu 2002 eneo hilo limo katika orodha ya Ramsar, mkataba wa kimataifa wa kulinda ardhi oevu.

Kwa sheria ya mazingira ya Tanzania ya mwaka 2004, shughuli za kudumu haziruhusiwi ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa bahari, mto au bwawa. Kamba ya mita 60 si ghali. Ipimeni na mtu wa serikali ya mtaa akiwepo, mwandike muhtasari, kabla kifusi cha kwanza hakijamwagwa.

*Mimi ni mpangaji. Njia ikikatwa kwenye nyumba ninayoishi, mwenye nyumba atapewa chake. Mimi je?*
Msomaji, Msambweni

Miradi ya Gujarat tuliyoisifu juu iliwahesabu wenye ardhi, wapangaji wengi hawakuonekana kwenye jedwali. Mumbai, tangu mwaka 1995, anayeishi kwenye makazi ya vibanda hupata chumba kipya bure akithibitisha alikuwepo kabla ya tarehe iliyowekwa, kwanza ikiwa 1 Januari 1995, baadaye 1 Januari 2000. Kilichowatenga wengi ni karatasi. Mtu amekaa miaka ishirini, hana hata kipande kimoja chenye jina lake na anuani hiyo.

Risiti za LUKU hazitakusaidia sana, mita ina jina la mwenye nyumba. Andikishianeni mkataba wa upangaji wenye tarehe, upigwe mhuri serikali ya mtaa. Hakikisha jina lako limo kwenye daftari la wakaazi la mjumbe. Tunza kadi za kliniki za watoto na fomu za shule zenye jina la mtaa. Kama unafanya biashara pale, hata ya mama lishe, piga picha ya meza yako na mlango nyuma yake, uandike tarehe. Siku mpimaji anapopita kuhesabu nyumba, uwepo, na uombe jina lako liandikwe kwenye safu yake, chini ya la mwenye nyumba.